Mlango wa Akina Keino

Jina la Kipchoge Keino si geni nyumbani kwako. Sisi tuliozaliwa baada ya Olimpiki ya Mexico ya mwaka 1968 tulisimuliwa na baba zetu: jinsi alivyougua nyongo, madaktari wakamkataza kukimbia, akaanguka katika mbio za mita 10,000. Siku ya fainali ya mita 1,500 akakwama katika msongamano wa magari, akashuka, akakimbia hadi uwanjani. Alishinda kwa dakika 3 na sekunde 34.9.

Baba zetu huishia hapo. Sisi akina mama tunataka kujua alirudi nyumbani kufanya nini.

Keino alifiwa akiwa mdogo, akalelewa na shangazi. Katika miaka ya 1970 yeye na mkewe Phyllis, muuguzi kama sisi, walikuwa wameshafungulia watoto yatima na waliotupwa mlango wa nyumba yao huko Eldoret. Walikuwa na watoto 7 wa kuwazaa. Waliolelewa pale kwa miaka yote walipita 100. Shamba lao waliliita Kazi Mingi, na tunaamini aliyechagua jina hilo alikuwa ameshafua mashuka ya kikojozi.

Hapo ndipo tunapomwona Phyllis. Medali ilileta wafadhili na wageni, lakini tunaofanya kazi wodini tunajua yanayofuata. Mtoto mmoja akija na upele, wiki ya pili wanajikuna wote. Huyu hana kadi ya chanjo, yule ana minyoo. Mtoto aliyezoea njaa huficha ugali chini ya mto hata kama sufuria imejaa, na ukimkaripia ataficha zaidi. Hayo hayatibiwi na medali.

Watoto walipokua ilibidi wasome. Shule ya msingi ya Kip Keino ilifunguliwa mwaka 1999, ya sekondari mwaka 2009. Wanariadha chipukizi nao walipata kituo cha mazoezi. Mwaka 2016, kule Rio, Keino alikuwa mtu wa kwanza kutunukiwa Tuzo ya Olimpiki ya Laureli, inayotolewa kwa kazi ya elimu, utamaduni, maendeleo na amani kupitia michezo.

Tukiri jambo. Wodini kwetu alilazwa mvulana wa miaka kama minne. Alipona nimonia, lakini miezi miwili ikapita bila mtu kuja kumchukua. Akina mama wa kanisani walileta sabuni, sweta, hata gari la plastiki. Kila mmoja alisema nyumba yake ni ndogo. Nasi wauguzi tulisema hivyo hivyo, na wawili kati yetu tuna chumba cha wageni.

Siku hizi humchukui mtoto hivi hivi tu. Hapa Kenya unaanza kwa afisa wa watoto. Nyumba yako itakaguliwa, nawe utaulizwa maswali mengi. Hata kumlea kwa muda kunafuata Sheria ya Watoto ya mwaka 2022. Zungumza kwanza na mumeo, kisha na watoto wako, maana ndio watakaogawana kitanda.

Mvulana wetu alichukuliwa na afisa Alhamisi moja asubuhi, kupelekwa kwenye makao ya watoto. Tulimfungashia kandambili zake mpya. Alikataa kuliachia lile gari hata avalishwe sweta.