Mtu mmoja jukwaani, tribinali nzima

Mwezi wa tisa 1955, ndani ya tribinali ya Sumner, jimbo la Mississippi kule Marekani, mzee Mose Wright alisimama, akanyoosha kidole kwa wazungu wawili. Ndio walikuja usiku nyumbani kwake na kumchukua Emmett Till, kijana Mweusi wa miaka 14 aliyetoka Chicago kutembelea jamaa. Maiti ilipatikana mtoni. Mama yake alikataa sanduku lifungwe, alitaka watu waone. Raia 12 waliopewa kuamua, wote wanaume wazungu, walizungumza kama saa moja tu, wakawaachilia wale wawili. Mwaka 1956 wenyewe wakakubali mbele ya gazeti moja kwamba walimuua. Na gazeti liliwalipa!

Karatasi za kesi zilipotea miaka mingi. Kopi ilipatikana baada ya uchunguzi kufunguliwa tena 2004. Muda wote huo, habari ilibebwa na midomo ya watu.

Mwigizaji Mike Wiley anaileta jukwaani peke yake, katika mchezo Dar He, jina linalotoka kwa ushuhuda wa yule mzee. Anabadilisha sauti, mgongo, mwendo: sasa ni mama, kidogo tena ni muuaji. Hapo ndipo kugumu, juu mwili uleule unabeba wote wawili. Halafu tiatri ya namna hii haiombi pesa nyingi. Hata ukumbi wa shule unatosha.

Mzee Wright, baada ya kushuhudia, alihamia Chicago, akaacha pamba yake shambani.