Mtoto mwenye usonji naye ana haki ya msitu

Mtoto anaziba masikio, anapiga mayowe, kisha anajitupa kwenye nyasi za bustani. Wapita njia wanamkodolea macho mama yake, kana kwamba ameshindwa kumfunza adabu. Wanamwonea. Honi za matatu nje ya uzio, spika ya muuza soda na jua la saa sita vimemvamia mtoto kwa mpigo, na ubongo wake haukuweza kuvichuja.

Shirika la Afya Duniani linakadiria kuwa mwaka 2021 mtu 1 kati ya 127 alikuwa na usonji, hali inayotokana na namna ubongo unavyokua. Wengi wao huumizwa na sauti ambazo sisi hatuzijali hata kidogo. Wengine, kinyume chake, huutafuta msisimko: mtoto hukaa kwenye bembea nusu saa nzima, kwa kuwa kubembea kunaamsha hisi ya mizani iliyo ndani ya sikio. Mwacheni abembee.

Tazama Msitu wa Karura, Nairobi, wenye zaidi ya hekta 1,000. Njia panda zake zina vibao vya namba. Wengine tunavitumia tusipotee. Kwa mwenye usonji vina uzito zaidi, maana mara nyingi kinachomtisha ni kutojua kitakachofuata. Mzazi anaweza kutangulia peke yake, akapiga picha za lango, vibao, maporomoko ya maji na choo (choo kisisahauliwe), kisha akazipanga kwa mfuatano na kuzitazama na mwanawe usiku wa kuamkia safari. Nendeni asubuhi, siku ya kazi. Mara ya kwanza, dakika 20 zinatosha.

Ila chungeni maji. Utafiti uliochapishwa Marekani mwaka 2012 ulionyesha kuwa karibu nusu ya watoto wenye usonji waliwahi kujaribu kuwatoroka walezi wao, na wengi huvutwa na mito na mabwawa. Wakati wote awepo mtu mzima mmoja asiye na kazi nyingine ila kumwangalia mtoto huyo. Kuogelea nako afundishwe mapema.

Nanyi wasimamizi wa bustani na fukwe, tengeni saa mbili tu kila wiki zisizo na spika, wekeni benchi kivulini mbali na njia, na mwelezeni askari wa getini usonji ni nini. Familia hizi zitakuja.