Kabla ya kulipia waya, uweke kwenye mizani

Mfugaji anayewasha taa 10 za wati 250 kuwapa vifaranga joto anatumia umeme wa ampea 11 hivi, usiku kucha. Hapo ndipo waya wa bei poa hujulikana. Waya mwembamba hupata moto, ganda lake hulainika, na banda lililotandikwa maranda halihitaji cheche nyingi.

Kwa kawaida taa hufungiwa waya wa milimita 1.5 za mraba, na soketi 2.5. Lakini namba iliyochapwa kwenye ganda si lazima iwe ya kweli. Upo waya wa alumini uliopakwa shaba juu tu. Kwangua ncha kwa kisu, utaona weupe. Alumini haipitishi umeme vizuri kama shaba, hivyo kwa unene uleule huchemka zaidi.

Mwenye duka ana kipimo rahisi, mizani yake. Rola ya mita 100 ya waya mmoja wa 2.5, ikiwa shaba tupu, hukaribia kilo 3 pamoja na ganda. Ikifika kilo 2 kwa shida, irudishe.

Waya mzuri nao huungua ukiwekewa sakiti breka kubwa. Breka ya ampea 32 huacha waya wa 1.5 uchemke bila kukata umeme. Kwa taa za kawaida, ya 10 inatosha. Mafundi wengine huweka kubwa ili mteja asilalamike.

Ganda la PVC likiungua hutoa moshi mzito wenye asidi. Familia inayolala juu ya duka itafute, angalau kwa njia ya kutokea, waya wa moshi kidogo usio na klorini, japo ni ghali.