Kamera Nayo Hucheza: Maya Deren na Mwili wa Msanii

Wapo wenzangu darasani wanaoshikilia kwamba ukishautia mchezo wa jukwaani ndani ya filamu, basi umeuua. Eti mwili wa msanii unataka hadhira hai iliyo mbele yake, na kinachobaki kwenye mkanda ni kivuli tu. Makala hii inajaribu kuonyesha kuwa hoja hiyo ni nusu ya ukweli, na shahidi wangu ni Maya Deren (1917–1961), mzaliwa wa Kiev aliyefanyia kazi zake Marekani.

Kabla ya kujulikana, Deren alikuwa katibu wa Katherine Dunham, yule mwanadansi Mmarekani Mweusi aliyetafiti ngoma za Karibi. Nadhani hapo ndipo alipojifunza kuutazama mwili ukifanya kazi. Mwaka 1945 alitoa A Study in Choreography for Camera, filamu ya dakika tatu hivi isiyo na sauti. Mchezaji ni Talley Beatty, aliyetoka kundi la Dunham. Anainua mguu akiwa msituni. Mguu unatua ndani ya chumba. Hakuna anayeshtuka! Kwa nini? Kwa sababu kasi na uzito wa mguu havikukatika, ijapokuwa picha imekatwa. Yaani hapa mhariri na mchezaji wanategemeana: Beatty angelegea kidogo tu, mkato ungeonekana kama kidonda.

Lakini kazi inayonigusa zaidi ni Meditation on Violence ya mwaka 1948. Humo Chao-Li Chi anafanya mazoezi ya sanaa za kupigana za Kichina. Tunaanza na Wu-tang: miondoko ya mviringo, laini, inayofuatana na pumzi, ndani ya mahali peupe pasipo na pembe. Kisha inakuja Shaolin, na mambo yanabadilika. Mapigo yanakuwa makali, mikato ya picha nayo inakuwa mikali. Baadaye tunatolewa nje, upanga mkononi. Filimbi ya Kichina inasikika, na ngoma za Haiti pia. Hapa kamera si mtazamaji aliyekaa kiti cha nyuma. Inasogea kama mpinzani ambaye hatumwoni.

Sasa tazama ufundi wenyewe. Chi anaruka, picha inaganda akiwa hewani, halafu filamu inarudi kinyumenyume hadi Wu-tang ya mwanzo. Nilipoitazama mara ya kwanza sikugundua kabisa! Nilidhani anaendelea tu. Mwili ulioiva kwa mazoezi huwa na mizani kiasi kwamba kwenda na kurudi vinakaribia kufanana. Jambo hili hadhira ya ukumbini haiwezi kuliona, hata iketi safu ya kwanza. Kwa hiyo si kweli kwamba kila mara filamu hupunguza, pengine hufichua. (Upanga, kwa maoni yangu, ungeweza kupunguzwa. Pale fikra ya mwongozaji inausukuma mwili pembeni.)

Kwa nini niwasumbue wanafasihi na mambo haya? Kuna wakati sisi wenyewe tulirekodi ngoma kwa ajili ya zoezi la fasihi simulizi. Kamera tuliisimamisha mahali pamoja mwanzo hadi mwisho, tukarudi chuoni tukaandika kurasa kumi na mbili juu ya maneno ya nyimbo. Fani na maudhui, kama kawaida yetu. Kuhusu miguu tuliandika sentensi moja, kwamba wachezaji "walicheza kwa ustadi". Alama tulipata nzuri tu. Mkanda ule nimeutazama tena juzi: karibu muda wote wachezaji wamekatwa magotini, na yule mama aliyekuwa akibadilisha mwendo wa ngoma kwa kisigino chake haonekani hata mara moja.