Kitabu Kitupu Kilichojaza Maktaba

Riwaya ya Kichina iitwayo Safari ya Magharibi, ambayo kwa desturi hunasibishwa na Wu Cheng'en, ina sura 100, na nakala yake kamili ya zamani zaidi iliyosalia ilichapwa mwaka 1592. Humo mtawa Tripitaka na wanafunzi wake, akiwamo nyani Sun Wukong, wanapambana na mazimwi miaka nenda miaka rudi ili wafike kwa Buddha kuchukua maandiko matakatifu. Wanafika katika sura ya 98. Ananda na Kasyapa, wanafunzi wa Buddha waliotumwa kuwatolea maandiko hayo, wanaulizia kwanza zawadi. Kwa lugha yetu, wanataka chai. Tripitaka hakuandaa zawadi yoyote. Mkono mtupu haulambwi, nao wanamfungia mzigo unaolingana na mkono wake. Njiani upepo unayatawanya magombo. Mwanafunzi mmoja, Sha Wujing, anaokota yaliyotawanyika, anayafungua, na kuyakuta meupe kama theluji, bila hata nukta ya wino. Wanafungua mengine, nayo ni hivyo hivyo. Tripitaka anaangua kilio: atamwambia nini mfalme aliyemtuma?

Wanaporudi kushtaki, Buddha anacheka. Habari ya zawadi anaijua, wala hawakemei watu wake. Anaongeza jambo la ajabu zaidi: magombo yale matupu ndiyo maandiko ya kweli, ila watu wa mashariki bado hawajafunguka akili, kwa hiyo na wapewe yenye maneno. Safari hii Tripitaka anatoa bakuli lake la dhahabu alilopewa na mfalme, na anaondoka na magombo 5,048 yaliyoandikwa. Kitabu kilichosifiwa kuliko vyote kinabaki ghalani. Hapo ndipo penye fumbo, nami nashikilia kwamba ndipo penye jibu pia: utupu hupata nguvu kwa kuegemea maandishi yanayouzunguka. Ondoa sura 97 za mwanzo, na gombo jeupe la sura ya 98 ni karatasi ya dukani.

Ushahidi wa hoja hii umo katika historia ya fikra ambayo kisa hiki kinaichezea. Madhehebu ya Kibuddha ya Chan, ambayo Wajapani huyaita Zen, hufundisha kwamba ujuzi wa kweli hupita nje ya maandiko, kutoka moyo wa mwalimu hadi moyo wa mwanafunzi. Ungetarajia madhehebu ya namna hiyo yasiache hata karatasi. Badala yake yaliacha makusanyo makubwa ya semi za walimu, mafumbo yao, na maelezo juu ya mafumbo hayo. Kadiri neno lilivyokataliwa, ndivyo wino ulivyomwagika kueleza kwa nini limekataliwa.

Msomaji mkali atasema debe tupu haliachi kuvuma, na kwamba kwa mantiki hii kila tapeli anaweza kuuza daftari akaliita hekima. Ni kweli, na mifano ipo. Mwaka 2017 Mmarekani Michael Knowles alitoa kitabu cha sababu za kukipigia kura chama cha Democrats, ndani yake kurasa karibu zote zikiwa tupu, na kikauzwa sana Amazon. Lakini mzaha ule uliishia kwenye jalada: ukishacheka, huna sababu ya kufungua mara ya pili. Linganisha na mwandishi Laurence Sterne, aliyeacha ukurasa mtupu katika juzuu ya sita ya riwaya yake Tristram Shandy, mwishoni mwa mwaka 1761, akimwalika msomaji amchore mwenyewe mhusika mjane Wadman kama moyo wake upendavyo. Ukurasa ule una kazi, na kazi hiyo inatokana na maneno yaliyoutangulia.

Wengine watadai kwamba mwandishi wa Safari ya Magharibi alikusudia tu kuwasuta watu wa dini wapenda rushwa. Kejeli ipo, tena chungu. Hata hivyo, angetaka kejeli peke yake, angemfanya Buddha awaadhibu wale wawili, yakaisha. Aliiacha rushwa na hekima zikae katika jibu moja, na ndiyo maana kisa bado kinajadiliwa.

Tripitaka wa riwaya ametokana na mtu wa kweli, mtawa Xuanzang, aliyerejea jijini Chang'an, China, kutoka India mwaka 645 akiwa na maandiko 657. Miaka 19 iliyobaki ya uhai wake aliitumia kufasiri. Hadi anafariki mwaka 664, alikuwa amemaliza magombo 1,335, na yote yalikuwa na maneno.