ULIMI WA NG'OMBE KWA NDIZI: KITOWEO KINACHODAI SUBIRA

Ndugu msomaji, uingiapo katika bucha mwisho wa wiki, macho yako huenda moja kwa moja kwenye paja lililoning'inizwa na kwenye steki. Kando, mara nyingi pamoja na kichwa, umelazwa ulimi wa ng'ombe, nao wateja wengi huupita bila hata kuuliza bei. Wako wanaochukizwa na sura yake. Wako pia waliowahi kuununua, wakaupika kwa muda wa kupikia nyama ya kawaida, wakatafuna kitu kama raba, na tangu siku hiyo wakaapa kutourudia. Makala haya yanawahusu wote hao, kwa kuwa ulimi ukipikwa ipasavyo ni laini na mtamu kupita nyama nyingi zinazougombewa mlango wa bucha.

Njia tunayokusudia kuieleza imetoka mbali, katika Visiwa vya Ufilipino. Hata hivyo mama wa Kanoni, huko Karagwe, hataiona ngeni, maana kitoweo hicho huandaliwa kwa kitu ambacho yeye anacho mlangoni pake: ndizi.

NG'OMBE NA MGOMBA

Kanoni ni kata ya Wilaya ya Karagwe, mkoani Kagera, katika nyanda za juu za kaskazini magharibi mwa Tanzania. Wilaya jirani ya Kyerwa nayo ilikuwa sehemu ya Karagwe hadi ilipotengwa mwaka 2012. Katika sehemu hizo nyumba huzungukwa na kibanja, yaani shamba la migomba ambamo mbuni na maharagwe hustawi chini ya kivuli kimoja. Kibanja hakistawi kwa mvua peke yake. Ardhi inayovunwa mwaka baada ya mwaka huchoka, na dawa yake ya tangu zamani ni samadi ya ng'ombe. Ng'ombe hulisha mgomba, na mgomba hulisha watu.

Heshima ya ng'ombe katika nchi ile ni ya kale. Wasafiri wa Kiingereza John Hanning Speke na James Grant walipopokelewa na Mfalme Rumanyika wa Karagwe mwaka 1861, waliiona nchi iliyohesabu utajiri wake kwa mifugo. Miongoni mwa vitu vya thamani vya ufalme huo zimo sanamu ndogo za ng'ombe zilizofuliwa kwa chuma. Baadaye, katika miaka ya 1890, ugonjwa wa sotoka uliteketeza makundi makubwa ya ng'ombe Afrika Mashariki, na ufugaji ukachukua miaka mingi kujijenga upya. Sotoka ilitangazwa kuwa imetokomezwa duniani mwaka 2011. Kwa watu waliopita katika misiba ya namna hiyo, ng'ombe akichinjwa hakuna kiungo cha kutupwa.

MGENI KUTOKA MANILA

Ufilipino ilitawaliwa na Wahispania tangu mwaka 1565 hadi 1898. Wahispania waliacha huko, pamoja na mambo mengine, namna ya kupika nyama ngumu polepole katika mchuzi mzito, moto ukiwa mdogo na sufuria ikiwa imefunikwa. Kitoweo hicho cha ulimi Wafilipino hukiita kwa jina la Kihispania, lengua estofado: neno la kwanza ni ulimi, la pili ni hiyo namna ya kupika. Lakini hawakukipokea kama walivyopewa. Kutoka kwa wafanyabiashara wa Kichina walichukua mchuzi wa soya, wakaongeza siki, na wapishi wengi huongeza pia ndizi za kupika zilizokaangwa. Huko ni chakula cha sikukuu na cha kumpokea mgeni wa heshima.

Hapo ndipo penye funzo. Kiungo ambacho kwetu hudharauliwa, kwa wengine huwekwa katikati ya meza. Tofauti haimo katika nyama, imo katika saa za kukaa jikoni.

KWA NINI ULIMI NI MGUMU?

Ng'ombe hana meno ya mbele katika taya la juu. Akila majani, huuzungusha ulimi wake kwenye fungu la nyasi, akalivuta na kulikata. Akishashiba hulala akicheua, na kazi hiyo humchukua saa nyingi kila siku. Ulimi basi ni msuli usiopumzika, nao umefumwa kwa nyuzi ngumu na kufunikwa ngozi nene yenye miiba midogo inayoelekea nyuma.

Nyuzi hizo haziogopi moto mkali. Ukizichemsha kwa haraka hukaza zaidi. Lakini zikikaa saa mbili au tatu katika maji yanayotokota polepole, huyeyuka na kuwa ute unaonata, na ute huo ndio unaoufanya mchuzi uwe mzito na nyama iwe laini. Kwa hiyo mpishi mwenye pupa asianze. Mvumilivu hula mbivu.

KABLA HUJANUNUA

Nunua ulimi katika bucha inayopata nyama yake kutoka machinjio yaliyokaguliwa, na uangalie muhuri wa mkaguzi kwenye nyama iliyoning'inizwa. Jambo hili si la kawaida tu. Ulimi ni mojawapo ya sehemu ambazo mkaguzi huzichunguza kwa makini, kwa sababu mabuu ya tegu hupenda kujificha katika misuli inayofanya kazi sana: ulimi, mashavu na moyo. Huonekana kama vilengelenge vyeupe, vidogo kama punje ya njegere au chini ya hapo. Ukiviona unapokata, usile nyama hiyo. Irudishe na umweleze mkaguzi. Mzunguko wa tegu huanza kwa binadamu anayejisaidia vichakani mahali ng'ombe wanapolisha, kwa hiyo choo bora ni sehemu ya usalama wa nyama yako.

Kamwe usinunue wala kukubali zawadi ya nyama ya ng'ombe aliyekutwa amekufa, hata kama bei yake inavutia. Kimeta huua, na huambukiza hata yule anayechuna ngozi na kukata nyama. Ulimi mzuri hauna harufu mbaya, hauna vidonda wala malengelenge, na ukiubonyeza kwa kidole hurudi mahali pake.

MAHITAJI (watu sita)

Ulimi mmoja wa kilo moja na nusu hivi
Vitunguu maji 3 vikubwa
Vitunguu saumu punje 6
Nyanya 5 zilizoiva
Karoti 2
Pilipili manga nzima kijiko 1 cha chai
Siki vijiko 2 vya chakula, au maji ya ndimu 2
Mchuzi wa soya vijiko 3 vya chakula, ukipatikana
Sukari kijiko 1 cha chai
Mafuta ya kupikia
Chumvi
Ndizi mzuzu 4 zilizoiva, zile ambazo wenyeji wa Kagera huziita enkonjwa

JINSI YA KUPIKA

1. Sugua ulimi kwa chumvi na brashi safi, uusuuze, kisha uuloweke katika maji baridi kwa muda wa saa moja. Uweke katika sufuria yenye maji, uchemke dakika kumi, na umwage maji hayo pamoja na povu lake.

2. Mimina maji mapya hadi yaufunike. Tia kitunguu kimoja kilichokatwa vipande viwili, punje mbili za kitunguu saumu, pilipili manga na chumvi kidogo. Yakishachemka punguza moto, funika, na uache yatokote polepole saa mbili na nusu hadi tatu. Ongeza maji ya moto yakipungua. Ulimi umeiva kisu kinapozama bila kushindana nawe, hata pale penye unene zaidi.

3. Utoe na uubambue ngozi ungali moto. Hii ndiyo hatua inayowashinda wengi, na siri yake ni moja tu: ukipoa, ngozi hung'ang'ania. Uchovye mikono yako katika maji baridi, pasua ngozi kwa kisu upande wa chini, kisha ivute kutoka shinani kuelekea nchani. Kata mafuta, tezi na vijifupa vya shina la ulimi uviondoe. Usimwage supu uliyochemshia.

4. Kata ulimi vipande vya unene wa kidole, ukikata kwa kukingama. Vikaange katika mafuta kidogo hadi viwe rangi ya kahawia pande zote mbili, uviweke kando.

5. Katika mafuta yaleyale kaanga vitunguu vilivyobaki mpaka vilainike, halafu vitunguu saumu, kisha nyanya zilizokatwa. Zikishavurugika tia karoti, siki, sukari, mchuzi wa soya na vikombe viwili vya ile supu. Rudisha vipande vya ulimi, funika, na upike kwa moto mdogo dakika thelathini hadi arobaini. Onja kwanza ndipo uongeze chumvi, maana mchuzi wa soya una chumvi nyingi.

6. Menya ndizi, zikate kwa urefu, uzikaange pembeni hadi ziwe nyekundu. Ziweke juu ya nyama dakika tano kabla ya kuepua, zipate kunywa mchuzi bila kuvurugika.

KWA MTINDO WA KANONI

Asiye na mchuzi wa soya wala siki asihuzunike. Chumvi, nyanya na ndimu hutosha kabisa. Badala ya ndizi za kukaanga, chukua ndizi mbichi za kupika kumi au kumi na mbili, uzimenye, uzipange katika sufuria, umwagie supu, na juu yake uweke ulimi uliokwisha kuiva na mchuzi wake. Funika kwa jani la mgomba lililopitishwa juu ya moto likalegea, ndipo uweke kifuniko. Jani hilo hubana mvuke, huzuia supu isikauke, na huacha harufu yake ndani ya chungu. Baada ya dakika thelathini hadi arobaini, nyama na ndizi huwa kitu kimoja.

KUNI NA MKAA

Mama anayehesabu mkaa atauliza, nasi tunamjibu: saa tatu za moto ni gharama. Mwenye sufuria ya presha atamaliza hatua ya pili kwa muda wa saa moja hivi. Asiye nayo achemshe ulimi saa moja na nusu, kisha aifunike sufuria vizuri na kuizika, ingali inatokota, katika kapu au sanduku lililojazwa majani makavu ya migomba na kufunikwa blanketi nzito. Joto lililomo litaendelea kupika kwa saa mbili au tatu zaidi bila kipande cha mkaa. Ukiitoa, ichemshe tena kwa nguvu na uupime kwa kisu kabla ya kubambua.

FAIDA KATIKA SAHANI YA MTOTO

Hapa, ndugu msomaji, ndipo jambo hili linapozidi utamu wa mdomo. Kagera ni mkoa wa chakula tele, lakini umekuwa ukitajwa miongoni mwa mikoa yenye watoto wengi waliodumaa. Si ajabu kubwa. Ndizi hushibisha na kutia nguvu, lakini ina protini kidogo sana na mafuta kidogo. Mtoto anayelala ameshiba ndizi tupu, kesho yake na keshokutwa, tumbo lake limejaa huku mwili wake ukingali na njaa.

Ulimi una protini, madini ya chuma yanayojenga damu, na vitamini B12 ambayo haipatikani katika ndizi wala katika maharagwe. Kwa mtoto aliyekwisha kuanza kula vyakula vya kawaida, katakata kipande kilichoiva sana kiwe kidogo kidogo, ukiponde pamoja na ndizi na mchuzi usio na pilipili wala chumvi nyingi. Ulimi ukiiva hasa hupondeka kwa uma, jambo ambalo steki haikubali. Hatusemi kwamba ulimi mmoja kwa mwezi utaondoa udumavu. Kazi ya kila siku ni ya maharagwe, dagaa, mayai, maziwa na mboga. Tunachosema ni kwamba nyama ikiingia nyumbani, mtoto asiachiwe mchuzi peke yake.

Watu wazima nao wana kiasi chao. Ulimi una mafuta mengi kuliko nyama isiyonona, hivyo ni chakula cha mara moja moja, na mwenye maradhi ya jongo aombe kwanza ushauri wa daktari.

KESHO YAKE

Kitoweo hiki huwa kitamu zaidi siku ya pili. Kiache kipoe upesi, kihifadhi katika jokofu ndani ya mchuzi wake, na ukichemshe barabara kabla ya kula. Nyumba isiyo na jokofu ipike kiasi cha kumalizwa siku hiyo hiyo. Na mfanyakazi anayebeba chakula chake anaweza kukata vipande vyembamba vya ulimi uliokuwa katika jokofu, akaviweka ndani ya mkate pamoja na nyanya na chumvi kidogo, akavila mapema kabla joto la mchana halijaviharibu.

Jumamosi ijayo, basi, utakapofika bucha, uliza bei ya ulimi. Ukiununua, anza kuupika asubuhi.