Mwethya: Akiba ya Wakamba Wakati wa Ukame

Mkulima wa Kitui au Makueni hutegemea zaidi mvua za Oktoba hadi Desemba. Zikikatika mapema, mahindi hunyauka kabla ya kubeba, na hubaki mtama, pojo na mbaazi kuokoa nyumba. Zikikosekana msimu baada ya msimu, kama ilivyotokea kati ya 2020 na 2022, ghala hubaki tupu, mbuzi huuzwa kwa bei ya kutupa, na vijana huondoka kutafuta vibarua mjini.

Wakamba, wenyeji wa maeneo hayo, huzipa njaa kubwa majina ili zisisahaulike. Wazee husimulia Ngomanisye, ya mwishoni mwa karne ya 19, iliyotapakaa kila mahali. Husimulia pia Nikw'a Ngwete ya 1984, watu walipokuwa na fedha mkononi lakini hakuna chakula cha kununua. Zamani, dalili za ukame zilipoonekana, wazee walitoa sadaka katika ithembo, mahali patakatifu penye miti mikubwa, na akina mama wazee walipiga ngoma za kilumi kuomba mvua. Siku hizi wengi huombea kanisani.

Desturi iliyobaki na nguvu zaidi ni mwethya, kazi ya ujima. Aliyetaka kulima shamba au kujenga nyumba aliwaita majirani, akawapikia, na zamu yao ilipofika naye akaenda. Leo vikundi vya mwethya, ambavyo wengi wa wanachama wake ni wanawake, huchimba mitaro kwenye miteremko na kutupa udongo upande wa juu, mtindo wa fanya juu, ili maji ya mvua yasipotee pamoja na rutuba. Pia hujenga mabwawa ya mchanga: ukuta wa mawe na saruji hukinga mto wa msimu, mafuriko huleta mchanga, nao mchanga hutunza maji chini, mbali na jua. Mama aliyekuwa akitembea nusu siku na punda kutafuta maji huyachota karibu na kwake.

Chakula cha msaada ni haki ya mwenye njaa, na kisichelewe. Lakini serikali na mashirika yanapokwenda Ukambani, yaanze kwa kuketi na wanamwethya. Hao ndio wanaojua mto upi una mwamba wa kushikilia ukuta na mteremko upi unaomomonyoka. Wapewe saruji, vifaa na mafundi. Nguvu na umoja wanavyo tayari.